Kulia, Nyuma ya Chorten

Rangphu, Trashigang
9 Machi 1997

Kwako Aku Gembo, baba yangu mdogo,

Natumai barua hii inakukuta mzima, na joto la huko mpakani halijakuyeyusha kama siagi. Sisi tu wazima. Mama anakusalimu. Ng'ombe mwekundu amezaa dume, kwa hiyo hakuna aliyefurahi isipokuwa ng'ombe mwenyewe. Angay, mama yako, amebakiwa na meno manne na bado anatafuna tambuu kwa yote manne. Mwaka mpya tulikungoja kama kawaida, na kama kawaida hukuja. Miaka kumi na minne, Aku! Mimi ulipoondoka nilikuwa na miaka minane, na leo ukinikuta sokoni utaniomba nikupishe.

Habari kubwa ni kwamba nimepata kazi. Tangu mwezi uliopita ninaendesha gari la kituo cha afya hapa Rangphu. Mzee aliyekuwa akiliendesha amestaafu, nikaomba, wakacheka, kisha wakaona hakuna mwingine mwenye leseni. Wanaume wa hapa wakipanda gari langu wanashika vyuma kwa mikono miwili na kusoma dua. Siwalaumu, maana hata mimi ninazisoma.

Nisikufiche, Aku, naogopa. Kwenda mbele siogopi, kushuka mlima siogopi, kupinda kushoto ni kama kugeuka kitandani. Kinachonitoa jasho ni kupinda kulia. Leseni niliichukua kule chini tambarare, mtihani wenyewe ulifanyika kwenye uwanja mtupu, gari lilikuwa moja na mtahini alikuwa anasinzia. Sasa kila siku natoka mjini, napanda, na pale kwenye makutano ya chorten, ule mnara wetu wa dua, lazima nikate kulia nivuke upande wa wenzangu ili niingie njia ya kituo. Na malori ya makaa yanateremka kutoka juu. Nikifika pale mguu wangu wa klachi unatetemeka wenyewe, nauangalia kama mguu wa mtu mwingine.

Nakumbuka ulivyokuwa ukiendesha, mkono mmoja kwenye usukani na mwingine unamenya njugu. Nieleze. Kuuliza si ujinga. Mtu anapindaje kulia akabaki hai?

Nisamehe kwa kukuuliza wewe kuhusu mahali pale. Najua ndipo baba alipofia. Lakini nimwulize nani?

Hujaniambia pia sasa unaendesha gari gani.

Mimi mwanao,
Lhaden


Phuentsholing
2 Aprili 1997

Mwanangu Lhaden,

Nimepokea barua yako, nimeisoma nikiwa nimesimama, kisha nikaketi nikaisoma tena. Mimi mzima. Joto lipo, mbu wapo, maembe mabichi yameanza. Mpe Mama salamu zangu, na mama yako. Mwambie Mama tambuu iliyochanganywa chokaa nyingi itamaliza na hayo manne.

Hongera kwa kazi. Wanaocheka waache wacheke, watakapoumwa tumbo watapanda.

Haya, kupinda kulia. Sikiliza vizuri, na ukimaliza kusoma uisome tena.

Kosa la kwanza la watu ni kufikiri kwamba kupinda kunaanzia kwenye kona. Kunaanzia mbali. Hatua mia kabla, tazama kioo ujue nani yuko nyuma yako, kisha washa indiketa. Usiwashe ukiwa tayari unapinda. Hiyo siyo kuashiria, hiyo ni kutoa taarifa ya msiba. Kisha sogea taratibu mpaka karibu na mstari wa katikati. Wanagenzi wa usukani wanaogopa katikati, wanabaki wamejibana kushoto, halafu ghafla wanavuka barabara nzima kama kuku. Aliye nyuma anadhani unaegesha, anakupita kulia, mnakutana.

Ukifika, simama. Na hili nalisema kwa herufi kubwa moyoni: MAGURUDUMU YAWE YAMENYOOKA. Usikunje usukani ukingali unangoja. Ukiwa umeukunja na mtu akakugonga nyuma, atakusukuma moja kwa moja chini ya lori linalokuja. Ukiwa umenyoosha, atakusukuma mbele tu, utaumia shingo na utaishi kumtukana.

Ngoja. Anayekuja kutoka mbele na kwenda moja kwa moja ndiye mwenye haki, hata kama ni punda. Lori likipita usiondoke papo hapo, maana nyuma ya lori hujificha pikipiki. Mtu akikupungia mkono kwamba pita, usimwamini. Mkono ni wake, roho ni yako. Tazama pia njia unayoingia: kuna watoto wa shule? Kuna bibi na mzigo wa kuni? Usije ukanusurika na lori ukamgonga bibi.

Ukiondoka, usikate kona kwa mkato. Nenda mbele mpaka karibu na katikati ya makutano, ndipo uzungushe, uingie upande wako wa kushoto. Na ukiwa na shaka, usiende. Aliye nyuma akipiga honi, mwache apige. Honi haijawahi kumuua mtu.

Wateja wananiita, niishie hapa.

Baba yako mdogo,
Gembo


Rangphu
30 Aprili 1997

Kwako Aku,

Salamu kutoka kwa wote. Mvua za kwanza zimenyesha, mahindi yametoka, Mama amepalilia mpaka mgongo umegoma. Angay aliposikia maneno yako kuhusu chokaa alisema, "Mwambie anayenipenda huja kuniambia mwenyewe." Nimekuandikia kama alivyosema.

Aku, barua yako nimeichomeka kwenye kibao cha kukingia jua garini. Kule mjini, makutano ya sokoni, nimepinda kulia mara ishirini kama ulivyosema, magurudumu yamenyooka, namngoja hata punda. Mguu umeacha kutetemeka. Nilifurahi nikamnunulia Angay biskuti.

Lakini umeniambia kila kitu isipokuwa kile nilichokuuliza. Nimesoma mara nne nikitafuta neno "chorten" sikulipata hata mara moja.

Najua unapakumbuka, ila acha nikueleze kama mgeni. Napanda, bonde liko kushoto kwangu, mlima kulia. Kwanza unafika mdomo wa njia ya kituo, upande wa kulia. Mbele ya mdomo huo, hatua chache tu, ndipo ilipo chorten, mnara wetu mweupe, na nyuma yake kuna kijia kinachouzunguka kati yake na mlima. Halafu kona kali. Nikipinda pale mdomoni, naona barabara ya juu hatua tisini mpaka konani. Lakini nikipinda pale chorten inabaki kushoto kwangu, na wewe unajua hakuna mtu wa huku anayepita akaiacha chorten kushoto kwake. Kwa hiyo wote, mzee niliyempokea, mwalimu, wauza viazi, wanaupita mdomo, wanaipita chorten, wanapindia mbele yake pale konani, wanaizunguka kwa nyuma na kurudi mpaka kwenye njia. Mkono wa kulia siku zote uko upande wake. Ni heshima. Lakini pale konani, Aku, unaona hatua kumi tu. Ni kama kufungua mlango wa chumba chenye mbwa bila kujua kamba yake ni ndefu kiasi gani.

Kila Alhamisi nampeleka Angay kupimwa shinikizo la damu. Alhamisi iliyopita nilisimama konani nikafungua dirisha nisikilize. Nikasikia kimya. Angay anahesabu tasbihi.

"Twende," akasema. "Unangoja kuku watage?"

"Nasikiliza, Angay."

"Masikio hayapindi gari. Mwenye chorten, aliye kuliani kwako, anakuona."

Nikaondoka. Nikiwa nimekaa katikati ya barabara kama mezani, lori likatokea. Sikuliona likija, nililiona limeshafika. Lilipiga honi, likayumba upande wa bonde, likapita nyuma yangu, nikasikia upepo wake shingoni. Nilisimama nyuma ya chorten nikatapika kupitia mlangoni. Angay akanishika bega akasema, "Unaona? Ametuokoa."

Niambie, Aku. Wewe ungepindia wapi?

Lhaden


Phuentsholing
21 Mei 1997

Lhaden,

Salamu kwa wote. Mimi mzima.

Pinda kabla. Pale mdomoni, penye hatua tisini. Usiende konani. Hata mara moja. Hata Angay akiwa ndani, hata mkuu wa wilaya akiwa ndani.

Sheria ya barabara ndiyo hiyo, na ndiyo sababu nakuambia. Usimwambie Mama kwamba neno limetoka kwangu. Mwambie mganga mkuu ameamuru, au mwambie gari lina hitilafu, sema lolote.

Nijibu upesi uniambie umetii.

Gembo


Rangphu
15 Juni 1997

Kwa Aku Gembo,

Tu wazima. Mvua haikatiki. Mama ana homa kidogo, inapungua.

Nimetii mara moja, na nakueleza kilichotokea. Alhamisi nilisogea katikati, magurudumu yamenyooka, nikangoja pale mdomoni. Angay akaacha kuhesabu.

"Unafanya nini hapa?"

"Napinda, Angay. Mganga mkuu amesema tupindie hapa."

"Mganga mkuu anatoka wapi?"

"Thimphu."

"Basi akapinde Thimphu."

Nikaanza kuondoka. Akaurukia usukani, Aku. Mama yako, mwenye meno manne, aliushika kwa mikono miwili akauvuta kuelekea kwake, na lori linakuja, nilikanyaga breki gari likazimika tumekaa mshazari. Lori likatupita kwa unene wa kidole. Yeye hakulitazama hata. Alikuwa ananitazama mimi, analia.

"Unataka kufa kama baba yako?" akasema. "Hapa! Gembo alipitia hapa! Aliiacha kushoto kwa haraka zake, nikampoteza mwanangu. Nilimwapisha asubuhi ile, na bado akapita hapa."

Nilikuwa najua. Kijiji chote kinajua, wanapunguza sauti tu ninapoingia. Nimekua nikijua kwamba wewe uliiacha chorten kushoto na baba akafa, na sikuwahi kukuchukia kwa hilo, kila mtu hukosea. Lakini sasa naogopa kitu kingine. Wewe uliyepindia pale akafa baba, ndiye unayeniandikia nipindie palepale? Bila sababu, mistari sita, na nisiseme kwamba ni wewe?

Nimerudi kuzunguka. Nikiwa konani nafumba macho kidogo. Najua dereva hafumbi macho.

Kama una neno la kweli, liandike. Kama huna, usiniandikie tena kuhusu barabara, niandikie kuhusu maembe.

Lhaden


Phuentsholing
8 Julai 1997

Mwanangu,

Leo sina salamu. Usifumbe macho. Nakuomba kwa kila kitu, usifumbe macho.

Umeniuliza naendesha gari gani. Siendeshi. Naziba pancha. Tangu siku ile sijashika usukani, na barua zote nilizowaandikia nyumbani nikizungumzia safari, zilikuwa safari za magari ya watu wengine ambayo nilijaza upepo.

Neno la kweli ni hili. Sikupita kushoto.

Asubuhi ile tulikuwa na mabati ya kituo, kituo hichohicho unachofanyia kazi, paa lake la kwanza. Baba yako Thinley alikaa pembeni yangu. Kabla ya kuondoka Mama alitusimamisha mlangoni, alikuwa ameota ndoto mbaya, akatuapisha tuizunguke chorten. Baba yako akamwambia, "Mama, pale konani hapaonekani kitu, mimi naogopa." Mama akamwambia anayeshika njia njema haogopi lori. Basi tukaapa. Tulipofika pale mdomoni nilipunguza mwendo, nikamtazama kaka yangu. Barabara ilikuwa nyeupe, hakuna hata mbuzi. Ningeweza kupinda. Akasema, "Tumeapa, Gembo." Nikaenda konani.

Sitakueleza mengine. Lori lilitubeba mpaka ukingoni na halikusimama. Mimi nilirushwa nje, yeye alishuka na gari mpaka mtoni. Kutoka chini kule nani angejua tulikuwa mdomoni au konani? Ni hatua tisini tu, na lori lilikuwa limetuburuta kuteremka.

Nilipopata fahamu Mama alikuwa kando ya kitanda. Hakuuliza kama naumwa. Aliuliza, "Ulipita upande gani?" Lhaden, niliuona uso wake. Nikisema tulizunguka, basi kiapo chake ndicho kilichomuua mwanawe. Nilikuwa nimempoteza kaka, sikuweza kumpoteza na mama siku hiyohiyo. Nikasema, "Kushoto, Mama." Akainuka akaondoka. Nilidhani nimefanya jambo jema. Niliona bora anichukie mimi kuliko ajichukie yeye.

Sikuwaza kwamba ataihubiri. Sikuwaza kwamba uongo wangu utakuwa kibao cha barabarani, kwamba mwalimu na wauza viazi na mzee wa kituo watakwenda konani miaka kumi na minne kwa sababu ya mfano wangu, na mwishowe wewe. Kila siku tangu nilipopata barua yako ya Machi nalala na viatu. Mficha maradhi, kifo humuumbua, na mimi kifo kinataka kuniumbua kwa kukuchukua wewe.

Pinda kabla. Lakini nakusihi, usimsomee Mama. Ana shinikizo. Mwache afe na imani yake, ila wewe usife nayo.

Gembo


Phuentsholing
2 Agosti 1997

Lhaden,

Posta wanasema barabara imekatika sehemu tatu na mifuko ya barua imelala njiani tangu katikati ya Julai. Sijui kama uliipata. Simu za huko hazishiki. Jana redio ilisema gari limeanguka Trashigang kwa sababu ya lori, haikusema gari gani, haikusema wapi. Nimekwenda kituo cha mabasi asubuhi na jioni nawauliza wanaotoka mashariki. Mmoja anasema ni gari la serikali. Mwingine anasema ni la viazi. Wa tatu hajui kitu lakini amezungumza kuliko wote.

Kama hujaipata barua, neno lake lote ni hili: tulizunguka. Baba yako alikufa tukiwa tunazunguka.

Andika jina lako tu kwenye karatasi uitume.

Gembo


Rangphu
29 Agosti 1997

Kwako Aku, baba yangu mdogo,

Lhaden. Lhaden. Lhaden. Hilo jina langu, mara tatu, na mwandiko ni wangu. Niko hai.

Barua zako mbili zilifika pamoja, tarehe kumi na nane, zimelowa, moja imeshikana na ya mtu mwingine. Gari lililoanguka lilikuwa la viazi, la yule bwana Kuenga mwenye kofia ya sufi. Alikuwa anazunguka. Lilitokea mchana, nami ndiye niliyekwenda kumchukua. Miguu yake yote miwili imevunjika, atatembea kwa magongo, lakini yuko hai. Njia nzima alikuwa ananiuliza, "Kwani nilikosea wapi? Ilikuwa kuliani kwangu." Barua yako ilikuwa bado imelala njiani chini ya matope.

Sasa nikuambie nilichofanya, na ukasirike ukitaka. Ulinisihi nisimsomee Angay. Nilikusudia kutii. Yeye hajui kusoma lakini mwandiko wako anaujua, anasema herufi zako zinainama kama wewe ukiwa unaficha kitu. Akasema, "Soma." Nikasoma salamu za kubuni. Akasema, "Gembo hajawahi kuniita Mama mpendwa. Soma iliyoandikwa." Nikafikiria shinikizo lake la damu. Halafu nikafikiria Alhamisi, mimi na yeye katikati ya barabara, na Alhamisi nyingine baada ya hiyo. Nikasoma.

Nilisoma yote. Hakulia. Chai yake ya siagi iliganda juu. Akasema, "Rudia pale nilipowasimamisha mlangoni." Nikarudia. "Rudia pale baba yako aliposema anaogopa." Nikarudia. Nilipotaka kurudia mara ya tatu, akasema basi.

Nikamshika mkono nione kama mshipa unapiga. Kisha akasema, "Nilimwuliza mara moja tu. Mama gani anauliza jambo kama lile mara moja tu? Nilipopata jibu lile nilikimbia nalo kabla halijabadilika."

Siku tatu hakutoka chumbani. Niliogopa, Aku, nililala mlangoni kwake kama mbwa. Siku ya nne ilikuwa Alhamisi. Akavaa vizuri, akapanda gari. Tulipofika karibu na makutano akasema, "Simamisha kando." Akashuka na fimbo yake. "Wewe nenda kapinde pale mdomoni, kama alivyosema Gembo. Mimi nina miguu."

Nikasogea katikati, magurudumu yamenyooka. Nikatazama zile hatua tisini. Likaja lori, nikalingoja lipite, nikaingoja na pikipiki iliyokuwa nyuma yake, ilikuwepo kweli, ulisema. Nikapinda. Chorten ilikuwa kushoto kwangu na sikuanguka. Niliegesha nikamtazama Angay akivuka na kuizunguka kwa miguu, mara tatu, taratibu, mkono wake wa kulia kwenye ukuta.

Nilidhani amemaliza. Akarudi akasimama pale mdomoni. Likaja gari la mwalimu, limewasha indiketa, linataka kupitiliza kwenda konani. Angay akanyoosha fimbo mbele yake.

"Bibi, umekuwa trafiki?" mwalimu akacheka.

"Pindia hapa."

"Hapa itabaki kushoto. Si wewe uliyetufundisha?"

"Nilifundisha uongo. Thinley wangu alikufa kule konani, anazunguka, kwa kiapo changu mimi. Alisema anaogopa nikamwaibisha. Na mdogo wake akasema uongo ili mimi nipate usingizi, nami nikalala miaka kumi na minne. Shuka uzunguke kwa miguu kama una heshima. Gari pindia hapa."

Mwalimu hakucheka tena. Akapindia pale.

Tangu siku hiyo anakwenda kila asubuhi. Wengine wanamtii, wengine wanapiga honi, wengine wanasema uzee umempanda kichwani. Wakaenda kumwuliza lama, mtawa wetu mkuu, naye akasema hajawahi kusikia gari lililopata thawabu. Hilo limesaidia kuliko fimbo. Lakini kila anayesimama anaelezwa yote, Aku, tangu mwanzo, na jina lako. Kijiji kimeacha kupunguza sauti ninapoingia.

Bado naogopa nikifika pale. Sasa nadhani kidogo ni vizuri.

Nilimwuliza Angay nikuandikie nini kutoka kwake. Akasema, "Mwandikie kwamba leo namwuliza mara ya pili. Aje ajibu mwenyewe."

Mwanao,
Lhaden


Phuentsholing
15 Septemba 1997

Lhaden,

Nimeaga kazini. Barua hii naituma na basi la leo initangulie; langu linaondoka Jumatatu ijayo, nitalala njiani siku mbili, Jumatano kama saa nane mchana tutapita hapo Rangphu. Nitaketi nyuma ya dereva. Huyu dereva simjui, na nimesikia anaendesha huku anamenya njugu.

Mwambie Mama asinisubiri barabarani. Asimame upande wa mlima, nyuma ya ukuta wa mawe, mpaka basi lisimame kabisa na vumbi litulie. Mshike mkono. Kutoka juu malori hayana breki, na yeye akiniona atakimbia bila kutazama.

Gembo